TUMEGEUKA WAPIGA RAMLI



Zamani za babu zetu, mtu aliyetaka kujua kilichomsibu nduguye ilimbidi ashike safari. Alimfunga jogoo miguu, akavuka mto, akafika kwa mpiga ramli kabla jua halijawa kali, akaketi chini akangoja zamu yake. Mpiga ramli naye alimwuliza maswali chungu nzima: mgonjwa ni mwana wa nani, alianguka lini, alikuwa amekula kwa nani. Huenda mzee huyo alikuwa mwongo wa kutupwa, lakini angalau aliuliza. Sisi wa leo hatuna haja ya jogoo wala safari. Tunayo simu. Mtu yuko ng'ambo ya bahari, hatumjui yeye wala mamake, anatokea kwenye kioo kidogo kama kiganja kwa dakika kumi tu, macho yamemlegea kidogo, maneno yanamkwama, basi papo hapo kete zinamwagwa. Huyu ametekwa nyara! Huyu amevuta kitu! Huyu ana pepo! Huyu anatafuta umaarufu bwana, achaneni naye!

Mimi nasema, tena nasema bila kupepesa macho, kwamba ramli hii ni ukatili. Tunajidanganya tukiita udaku, kana kwamba ni mchezo usio na mwenyewe. Anayo mwenyewe, naye ana masikio.

Hebu tuanze na kisa cha Marina Joyce. Huyu alikuwa binti wa miaka 19, mkaazi wa kaskazini mwa jiji la London kule Uingereza. Kazi yake ilikuwa kujirekodi akiwafundisha wasichana wenzake kujipodoa na kuchagua mavazi, kisha kuziweka video hizo YouTube. Mamia ya maelfu walimfuata. Mwezi wa Julai 2016 alitoa video kuhusu nguo za kuvaa mtu anapotoka na mpenzi wake. Kitu cha kawaida kabisa, hata mtoto wa darasa la nne angeifunga katikati akatafute katuni. Lakini watazamaji wake wa siku zote wakamwona kama si yeye. Macho yalikuwa yakitangatanga kana kwamba kuna mtu amesimama nyuma ya kamera. Maneno yalimtoka kama ya mtu anayesomeshwa. Mikononi alikuwa na michubuko. Halafu akazuka mtu mwenye masikio ya popo, akadai kwamba mwanzoni mwa video hiyo kuna mnong'ono wa kuomba msaada.

Lo! Moto wa nyikani ungeona haya. Kwa muda wa siku moja au mbili hivi, kilio cha kumwokoa Marina Joyce kikawa ndicho kinachovuma Twitter, kama mtandao huo ulivyoitwa wakati huo, si Uingereza peke yake bali duniani. Video ile ikachezwa polepole, ikasimamishwa, ikakuzwa, kila kivuli ukutani kikatafutiwa mwenyewe. Wapo waliosema ni mpenzi wake anayempiga. Wapo waliosema ni madawa ya kulevya. Wapo waliosema, na hawa ndio waliopiga kelele zaidi, kwamba ametekwa na magaidi wa kundi la ISIS na anatumiwa kama chambo. Kwa nini chambo? Kwa sababu alikuwa amewaalika mashabiki wake wakutane naye mtaa wa Bethnal Green, mashariki mwa London, saa kumi na mbili u nusu asubuhi, eti kwa sherehe. Sherehe gani ya alfajiri? Na jina la mtaa ule lilikuwa tayari limeingia doa, maana Februari 2015 wasichana watatu wa shule moja ya huko walitoroka makwao wakaelekea Syria kujiunga na kundi lilo hilo. Mkiunganisha hiki na kile, jamani, hata mimi naona jinsi hofu ilivyopata miguu. Sitawacheka walioogopa.

Polisi wakaenda. Usiku ule ule wa tarehe 27 Julai maafisa wa eneo la Enfield walibisha mlangoni, wakamwona, wakatangaza kwamba yu salama salimini. Siku hiyo akajitokeza yeye mwenyewe kwa matangazo ya moja kwa moja, maelfu kwa maelfu wakimtazama, akasema hajambo. Mngefikiri mambo yameishia hapo. La hasha! Sasa ndipo ramli ilipokolea. Akitabasamu, analazimishwa. Asipotabasamu, amepigwa. Akisema mimi ni mzima, kuna mtu kamshikia bunduki. Akinyamaza, si mnaona? Hakuna jibu ambalo angeweza kulitoa binti yule likaaminika, kwa maana kila alichokifanya kilikuwa kimekwisha kuandikiwa maana yake kabla hajakifanya. Nawaomba mlitazame jambo hili kwa makini, kwa sababu ndilo linalonikera kuliko yote. Mahakamani mshtakiwa hupewa nafasi ya kujitetea. Katika ramli ya mtandaoni kujitetea ndio ushahidi wenyewe.

Na ilipokuwa dhahiri kwamba hakuna mtekaji wala gaidi, je, watu walifurahi? Wapo waliofurahi. Lakini wengine wakakasirika! Wakamshutumu kwamba alifanya makusudi ili apate wafuasi, naye akakana. Walikuwa wamekesha wakimlilia, basi wakaona wamepunjwa, kana kwamba binti wa watu alikuwa na deni la kutekwa nyara. Miaka mitatu baadaye, Agosti 2019, jina lake likarudi tena katika habari: alikuwa ameripotiwa kupotea, na baada ya siku chache akapatikana akiwa salama. Hapo sitaongeza neno. Yaliyomo ndani ya nyumba yao ni yao.

Najua wapo watakaosema, aa, huyo alikuwa mzima, tuambie kuhusu mgonjwa. Haya.

Tarehe 13 Februari 2011, jijini Los Angeles nchini Marekani, zilikuwa zikitolewa tuzo za muziki za Grammy. Nje ya ukumbi alisimama mwandishi wa habari wa televisheni aitwaye Serene Branson, kipaza sauti mkononi, tayari kutangaza moja kwa moja. Akafungua kinywa. Yaliyotoka hayakuwa maneno. Mapigo ya Kiingereza yalikuwapo, sauti ilipanda na kushuka kama ya mtangazaji, lakini Kiingereza chenyewe hakikuwamo. Ilichukua sekunde chache tu kabla kituo hakijamwondoa hewani. Sekunde hizo zilitosha. Kabla ya kesho yake kuisha ulimwengu ulikuwa ukimcheka, wengine wakisema kalewa chakari, wengine kiharusi. Hata wataalamu ambao hawakupata kumshika mkono walikuwa wakitoa maoni yao kuhusu ubongo wake.

Kumbe mwenyewe alikuwa na kipandauso. (Hili ni neno letu zuri la Kiswahili ambalo wengi wetu tumelisahau. Tukiumwa kichwa cha namna hiyo tunasema maigreni, tukadhani tumesoma.) Kuna aina ya kipandauso ambayo kabla ya maumivu au pamoja nayo huja na vituko: macho huona vimulimuli, shavu na mkono hufa ganzi, na ulimi hugoma. Wataalamu wanaeleza kwamba wimbi la umeme hutambaa juu ya ubongo polepole sana, kama milimita 3 kwa dakika, na kila linapopita sehemu ile huzimika kwa muda. Likifika kwenye makao ya lugha, mtu huyajua vyema anayotaka kusema na hawezi kuyasema. Hivyo ndivyo alivyosimulia mama huyu alipopata nafuu: kichwa kilimwuma, maandishi yalimchezea machoni, akajua kwamba kuna jambo baya linampata, akaogopa. Madaktari wa chuo kikuu cha UCLA ndio waliomchunguza na kutoa jibu hilo. Hebu fikiria, mwenzangu. Unaogopa kwamba huenda unakufa, na wakati huo huo, bila wewe kujua, watu wanakunasa wakusambaze kama kichekesho.

Kisa cha tatu nitakipitia kwa heshima, kwa sababu mwenyewe hayupo. Desmond Amofah, aliyejulikana na mashabiki kwa jina la Etika, alikuwa kijana wa Brooklyn, New York, mwana wa mwanasiasa wa Ghana. Alipendwa sana na vijana wa michezo ya video, hasa ya kampuni ya Nintendo. Kila mchezo mpya ulipotangazwa alikuwa hewani akipiga mayowe ya furaha, akaruka, akaanguka, mashabiki wakafa kwa kicheko. Vituko vilikuwa ndio ugali wake. Basi kuanzia mwishoni mwa mwaka 2018 vituko vikabadilika. Akaandika maneno ya kutisha, akagombana na marafiki, akalazwa hospitalini. Tarehe 29 Aprili 2019 polisi walikuja nyumbani kwake huku akijirusha moja kwa moja kupitia Instagram, na maelfu wakawa wanatazama kama watu wanaotazama sinema. Wapo waliokuwa na wasiwasi wa kweli, nami sitawanyima sifa yao. Lakini wapo wengi waliosema, huyu anaigiza tu, tunamjua, ngojeni mwone atatoka akicheka. Wakamtengenezea vikaragosi. Juni mwaka huo huo aliacha video ya kuaga, humo akaonya watu wasizame mno katika mitandao, na tarehe 24 akapatikana amefariki. Alikuwa na miaka 29, na uchunguzi ulithibitisha kwamba alijitoa uhai. Baadaye akachorewa picha kubwa ukutani pale Brooklyn, nzuri kweli kweli.

Sisemi kwamba vicheko vilimwua. Maradhi ya akili yana njia zake, na wapo waliopendwa na kutibiwa vizuri na bado tukawapoteza. Ninalolisema ni hili: umati ule ule, mbele ya kioo kile kile, ulimlilia binti aliyekuwa salama na ukamcheka kijana aliyekuwa akizama. Sasa mtu wa namna hiyo mbona tumpe kazi ya uganga?

Pengine mnajiuliza, yahusu nini haya na shule yetu, mahali ambapo simu ikionekana bwenini huenda moja kwa moja kwenye kabati la naibu wa mwalimu mkuu? Yahusu. Simu zinanyang'anywa, ramli hainyang'anywi.

Likizo ya Agosti iliyopita, mwenzetu mmoja alijirusha moja kwa moja akiwa jikoni kwao, akipika chapati na kupiga soga. Alitumia akaunti ya dadake mkubwa, kwa maana TikTok tangu Novemba 2022 hairuhusu aliye chini ya miaka 18 kufanya hivyo, ingawa sote twajua jinsi vijana wanavyojizeesha wakifika hapo. Alikuwa akicheka vizuri tu. Ghafla akanyamaza katikati ya sentensi. Akautazama ukuta. Mkono wenye mwiko ukabaki hewani, chapati ikaanza kutoa moshi, naye yupo tu, hayupo. Baadaye kidogo picha ikakatika. Watazamaji hawakufika hata 40, lakini mmoja wao alikuwa ameinasa, na kabla ya jua kutua ilikuwa imeingia katika kundi la WhatsApp la darasa. Mimi nilihesabu majibu yaliyofuata hadi nikachoka. Ati amerogwa na mke mwenza wa mamake. Ati alimwona mtu dirishani. Ati bangi. Ati mimba. Ati alipanga yote apate wafuasi. Kati ya wanafunzi 52 walioko katika kundi hilo, hakuna hata mmoja aliyeandika jina lake na kumwuliza, dada, umeamkaje?

Shule ilipofunguliwa alikuta hukumu imemtangulia. Bwaloni wapo waliokuwa na mchezo mpya: mmoja ananyanyua kijiko, anakodoa macho ukutani, wenzake wanahesabu moja, mbili, tatu, halafu meza nzima inaangua kicheko. Alipoona mara ya kwanza alidhani ni utani wa jambo lingine. Mara ya pili akaelewa. Akaweka sahani yake chini, akatoka. Kabla ya likizo fupi alikuwa ameomba ruhusa, mzazi wake akaja kumchukua.

Msiniulize alikuwa na nini. Nakijua, kwa kuwa tunalala deka moja, yeye juu mimi chini, na usiku watu huambiana mengi. Lakini hakunituma nikiandike jaridani. Nitakachosema ni kwamba kina jina, kina daktari, na kina dawa, na hakikuwamo katika orodha yote ya wale 52.

Walimu wetu wapendwa, nanyi mniwie radhi, mkubwa hakosolewi hadharani. Ila habari hii ilizungumzwa hata majilisi, na sisi tunaoleta madaftari huko tuna masikio. Mwanafunzi akisikia mwalimu wake akisema kwamba "siku hizi wasichana hawa wanavuta vitu", haendi tena kumweleza mwalimu huyo lolote, liwe lake au la mwenzake. Mwalimu wa Ushauri Nasaha ana ofisi nzuri nyuma ya maktaba, ina viti viwili na mapazia. Wengi wetu hupita mbele ya mlango huo tukaharakisha hatua, tusije tukapigiwa ramli sisi pia.

Bingwa mmoja wa mijadala wa Kidato cha Nne aliposikia kwamba naandika makala haya alinijia na swali la kunikata maini. Je, watu wasingepiga kelele, polisi wangekwenda kwa Marina? Na kama kweli angekuwa ametekwa? Ni swali zuri na nimelilalia usiku mzima. Jibu langu ni kwamba kuna tofauti kubwa kati ya kupiga kelele na kupiga simu. Aliyeona michubuko akawaambia polisi wakabishe mlango, huyo alifanya ujirani mwema, hata kama ilionekana baadaye kwamba hofu yake haikuwa na msingi. Hata yeye hakuhitaji kujua ni ISIS au ni kipandauso. Alihitaji kusema tu: nimeona jambo lisilo la kawaida, nendeni mkatazame. Lakini yule aliyekaa chumbani kwake akaikata ile video vipande kumi, akavitia muziki wa kutisha na mishale myekundu, akahesabu watazamaji wakimwongezeka, huyo alimsaidia nani? Hata polisi hakuwafaa, kwa maana aliwarundikia uvumi ambao walilazimika kuujibu mbele ya dunia nzima.

Ndiyo maana sikubaliani na wale wanaosema kwamba tufumbe macho, kila mtu achunge lake. Kufumba macho nako kumeua. Ukimwona mwenzako hewani anafanya mambo yasiyo yake, mjue mtu wa kwao umpigie. Humjui, mtafute anayemjua. Tuko shuleni, kuna matroni, kuna mwalimu wa zamu, kuna muuguzi wa zahanati. Mwambie ulichokiona, si ulichokidhani: alinyamaza, aliutazama ukuta, mkono ulibaki juu. Hivyo tu. Muuguzi atafanya kitu kwa maneno hayo. Kwa neno "amerogwa" afanye nini? Na ile video uliyoinasa, kama unaona itamsaidia daktari, mpelekee mamake peke yake. Kama haitamsaidia daktari, kwa nini iko ndani ya simu yako?

Nimeomba kamati ya Chama chetu cha Kiswahili kwamba mjadala wa kwanza wa muhula ujao uwe kuhusu jambo hili, na mlezi wa Chama amekubali. Upande wa upinzani mjiandae vizuri, maana nitakuwa nimeketi mstari wa mbele.

Muhula huo huo mwenzetu anarudi. Kitanda chake cha juu bado kipo, nimekitandika mimi. Akiingia bwaloni msimkodolee macho, wala msinyamaze kwa ghafla kama watu waliokuwa wakimsema. Sogeeni kwenye benchi apate pa kukaa, mumpe chumvi, na mumwambie kwamba githeri ya Jumanne bado ina mawe.